Sare ya Harmon Fork

Harufu ya mtumba unapofunguliwa haifanani na kitu kingine duniani, na mimi pua yangu imetembea. Ni dawa ya nondo, ni sabuni za nyumba za watu, ni vumbi la meli, na chini kabisa kuna harufu ya wenyewe, watu usiowajua waliokula na kutoka jasho ndani ya nguo zile kabla yako. Juzi nilikuwa nakatiza mjini hapa Durban, mtu akakata kamba za mtumba mlangoni kwake, nikapiga chafya iliyosimamisha magari kwenye robot ya barabarani ilhali taa ilikuwa ya kijani. Watu wakaniangalia. Mimi sikuwaona. Nilikuwa na miaka minane, nimekaa sakafuni ghorofa ya saba Albert Park, na mbele yangu Amerika nzima imemwagwa juu ya mkeka.

Mtumba wetu ulitoka Clairwood, kule kwenye malori na maghala, ukapandishwa ngazi migongoni mwa vijana wawili, maana lifti ya jengo letu ilikufa kabla hatujahamia na ilikuwa bado haijazikwa. Mama alikuwa na mwenzake wa biashara, Mama Zuhura, mwanamke wa Tanga wa mlango wa pili, ambaye kicheko chake kiliwahi kudhaniwa king'ora cha bandari. Walikuwa wanauza dunusa. Ndivyo Wazulu wanavyoita biashara ya mitumba, kwa sababu mnunuzi lazima ainame kwenye lundo, makalio juu, apekue. Jumamosi asubuhi ndiyo ilikuwa siku ya kufungua. Mama aliimba ubeti mmoja wa wimbo wa kanisani, Mama Zuhura akasema bismillahi, kisu kikapita, na mtumba ukavimba kama mtu aliyelegeza mkanda baada ya harusi.

Kazi yangu ilikuwa kusoma. Wazazi wangu walisoma Kifaransa, Mama Zuhura alisoma Kiswahili na Kurani, lakini Kiingereza cha maandishi kilikuwa changu peke yangu, nakileta kutoka shule kila siku kama mkate.

"Mado, hii imeandika nini?" Mama Zuhura alinyoosha fulana ya waridi.

"Malkia wa Nguruwe."

"Malkia wa nani?"

"Wa Nguruwe. Sherehe ya Nguruwe, kila mwaka."

Fulana iliruka mpaka dirishani. "Jamani, shoga! Wenzetu hawa wana malkia wa nguruwe! Itoeni hapa, itoeni na kijiti!"

"Wacha kelele, Mama Zuhura," Mama alisema. "Iko ya pamba safi. Itauzwa ya kwanza."

Sasa, lazima nieleze nilivyoielewa mimi Amerika, kwa sababu niliielewa vizuri sana na yote ilikuwa makosa. Kwetu nguo inasema wewe ni wa nani. Pakiwa na harusi au matanga, familia inanunua kitambaa kimoja na wote wanashona. Ukiona kina mama ishirini wamevaa kitenge kimoja barabarani, huulizi kitu, unajua ni wa mtu mmoja. Hiyo ndiyo sare. Na sare haiuzwi. Mama alikuwa na kitenge cha matanga ya bibi yangu ndani ya sanduku, cha buluu na ndege weupe, na kuna wakati hatukuwa na chakula wala sufuria ya kukipikia, lakini kitenge kile hakikutoka sandukuni.

Kwa hiyo nilipoona fulana za Amerika zimeandikwa majina ya mahali na mambo yake, nilijua ninachokiona. Hayo ni makabila. Kulikuwa na Kabila la Nguruwe. Kulikuwa na Kabila la Mahindi, wengi hao, na fulana zao zilikuwa za kijani. Kulikuwa na Wazima Moto wa Kujitolea wa mji fulani, ambao niliwaonea huruma, kabila zima kazi yao ni moto. Kulikuwa na watu wa daraja, watu wa shule iliyotimiza miaka mia, watu wa mto uliofurika wakanusurika. Niliwapanga ukutani kwa rangi. Mwalimu wangu wa jiografia angezimia.

Halafu zikatoka zile za njano.

Zilikuwa katikati ya mtumba, zimekunjwa pamoja na kufungwa kwa kamba ya katani, nyingi, na hazikuwa zimevaliwa hata mara moja. Kifuani kulikuwa na picha ya kanisa dogo chini ya kilima na maneno Harmon Fork. Mgongoni, kwa herufi kubwa nyeusi: Tulizaliwa hapa. Hatuendi popote.

Nilisoma kwa sauti. Mama aliacha kupanga nguo.

"Mama," nikasema, "hii ni sare. Mbona wameitupa yote?"

"Hakuna mtu anatupa sare."

"Basi imefikaje hapa?"

Mama Zuhura akanijibu yeye. "Wazungu hao, mwanangu. Wakichoka na shati wanalitupa. Wakichoka na mume, vilevile."

Alicheka, njiwa wakaruka kutoka kwenye paa la jirani. Mama hakucheka. Alizishika zile fulana, akazipima kwa mkono, akaziweka pembeni kwenye kiti, mbali na lundo. Mimi nikabaki na swali langu. Kabila zima halitupi sare. Basi kuna kitu kimewapata. Na mimi nilijua kitu kimoja tu kinachoweza kulipata kabila zima kwa pamoja, ndicho kile kilichotupata sisi.

Sisi tulitoka Likasi, mji wa shaba kusini mwa Kongo. Nilibebwa mgongoni nikiwa mdogo mno kukumbuka, lakini nililisikia jambo hilo mara nyingi kiasi kwamba nilikuwa nalikumbuka kuliko waliokuwepo. Watu walipita mitaani wakisema Wakasai watoke, waende kwao. Familia zikalala stesheni kungojea treni, siku juu ya siku, na sufuria na masanduku. Jambo lililonichanganya ni hili: Papa alizaliwa Likasi. Mama alizaliwa Likasi. Mimi nilizaliwa Likasi. Kasai hatujawahi hata kuipungia mkono. Babu ndiye aliyekuja kutoka huko, zamani, kuchimba shaba ya watu.

Chini ya jengo letu kulikuwa na saluni ya wanaume, na kila nilipotumwa mkate palikuwa na mtu wa kuniuliza.

"Mtoto, papa yako ni mtu wa wapi?"

"Wa Likasi."

"Mukendi wa Likasi!" Saluni nzima ilipasuka, hata mwenye povu la kunyolewa alicheka. "Mukendi ni jina la Kasai, mtoto! Papa yako anakudanganya!"

Papa, akiwa yupo, alinyamaza tu. Alikuwa mrefu, fundi wa umeme wa mgodini aliyegeuka kuwa mlinzi wa magari, na alikuwa na namna ya kunyamaza iliyojaa chumba kizima. Nilipomuuliza Mama mezani, alinijibu kwa mwiko mkononi.

"Sisi ni wa wapi?"

"Wa Likasi."

"Kwa nini walitufukuza, kama ni kwetu?"

"Kwa sababu walisema si kwetu."

"Na Kasai ni kwetu?"

"Kule wanasema sisi ni watu wa Likasi. Kula bukari yako."

Basi, unaona hali yangu. Nilikula bukari, ugali wetu, na nikaamua kwamba watu wa Harmon Fork wamefukuzwa. Walishona sare ya kusema hawaendi popote, wakafika watu, wakawatoa, sare ikaanguka stesheni. Na kwa kuwa kila mtu aliyefukuzwa duniani alionekana kuishia Albert Park, niliona ni suala la muda tu kuwapata. Nikaanza kuwatafuta wakimbizi wa Kiamerika.

Jumapili baada ya ibada Papa alinichukua South Beach, alikolinda magari ya watu waliokuja baharini. Alivaa kizibao cha rangi ya machungwa na kuongoza magari kwa mikono miwili kama padri anayebariki. Wazungu huko walikuwa wengi kama mchanga, nami nikawahoji mmoja mmoja. Wengi walidhani naomba pipi. Siku moja akashuka bwana mnene mwenye kofia, na kwa namna alivyoviringisha maneno mdomoni nikajua, huyu ndiye.

"Wewe ni wa Harmon Fork?"

"Wa wapi, mpenzi?"

"Harmon Fork. Amerika."

"Sijapata kuisikia. Mimi ni wa Texas." Akanipa chungwa, akaenda zake.

Nilirudi kwa Papa mbio. "Ni Mwamerika, na anasema haijui!"

"Amerika ni kubwa, Mado."

"Hata Kongo ni kubwa. Wewe unaijua Kolwezi, unaijua Kinshasa. Huyu anaficha."

"Anaficha nini?"

"Kwao. Kama wewe saluni."

Gari lilikuwa linarudi nyuma, na dereva hakuona nguzo. Papa akalikimbilia. "Kuja, kuja, kuja," alisema, mikono juu, "bon, simama."

Siku hizohizo jengo letu lilishikwa na homa ya Amerika. Ilisemekana familia chache zitachaguliwa, zihojiwe, zipandishwe ndege. Jina letu likatokea kwenye orodha ya kuhojiwa, na Mama akabadilika, akawa anatembea ndani ya nyumba kana kwamba tayari anaburuta sanduku. Alitaka kuondoka kuliko nilivyowahi kumwona akitaka kitu. Alikuwa amechoka kuitwa mgeni kwa lugha tatu. Alitaka mimi na mdogo wangu Patrick tusome mahali ambapo hakuna atakayetuuliza jina letu ni la wapi. Na alitaka lifti.

Kila aliyetutembelea alileta ushauri uleule. Hata kinyozi wa saluni ya chini alipanda ghorofa zote saba kuuleta.

"Papa Mado, sikia. Watakuuliza kama unataka kurudi. Sema hapana. Sema ukisikia jina la Kongo unatetemeka. Ukisema unataka kurudi, umekwisha. Wale hawabebi mtu anayetaka kwao."

"Umesikia?" Mama akamwambia Papa. "Sema umesikia."

"Nimesikia," Papa alisema.

Ikabaki nguo. Familia yetu haikuwahi kwenda kwenye jambo kubwa bila sare, na hili lilikuwa kubwa kuliko harusi zote na matanga yote. Lakini kitenge kipya cha watu wanne kilikuwa ndoto. Hapo ndipo Mama alipokwenda kwenye kile kiti, akafungua ile kamba ya katani, akatutupia kila mmoja fulana ya njano. Ya Patrick ilimfika kwenye vifundo vya miguu, akawa kama mshumaa wa Pasaka.

"Hapana, Mama," nikasema. "Hii ni ya watu waliofukuzwa."

"Ni ya Amerika. Tunaenda Amerika. Wataona tumejitayarisha."

Mama Zuhura, aliyekuja kutuangalia, alipata shaka pia. "Lakini shoga, si Mado alisoma kwamba mgongoni inasema hatuendi popote? Nyie si ndiyo mnaomba kwenda?"

Papa ndiye aliyemaliza, na mpaka leo nadhani hakuna mwanasheria aliyewahi kuzungumza vizuri zaidi.

"Inasema Harmon Fork," alisema. "Haisemi Durban. Maana yake tukifika kwao hatuhami tena. Mwenye nyumba yeyote anapenda mpangaji wa namna hiyo." Kisha akajiangalia kwenye kioo, akageuka kutazama mgongo. "Tena ni maneno ya watu wenye heshima."

Tukaenda hivyo. Wanne, njano tupu, tumepigwa pasi. Katika mtaa mzima hapakuwa na jua, sisi ndio tulikuwa jua.

Chumba cha mahojiano kilikuwa na zulia na mashine ya baridi. Nyuma ya meza alikaa dada wa Kiamerika mwenye miwani, pembeni yake mkalimani, kijana wa Bukavu mwenye tai. Dada alipotuona aliinuka kidogo, akakaa tena.

"Anauliza, hizi nguo ni za nini," mkalimani alisema.

"Ni sare yetu," Mama akajibu.

"Sare ya kazi?"

"Ya familia. Sisi tukiwa na jambo tunavaa moja."

Papa, kwa kujivuna, akageuka aonyeshe mgongo. Dada alisoma. Akaweka mkono mdomoni, na macho yake juu ya mkono yalikuwa yanacheka na hayacheki. Akauliza kama tunajua maana yake. Wote wakanitazama mimi, nami nikasimama wima na kusoma kwa Kiingereza cha shule, neno kwa neno, mpaka mwisho.

"Anauliza, Harmon Fork ni wapi?"

Papa alishangaa. "Si kwao?"

Dada alitikisa kichwa. Yeye ni wa upande mwingine, kaskazini, hajawahi kuisikia. Mimi nikamkanyaga Patrick kwa furaha. Wote wanaificha! Hata serikali yao!

Kisha maswali yenyewe yakaanza, na ule mcheko ukatoka machoni mwa dada. Aliuliza mengi, Papa alijibu vizuri, Mama alikuwa anapumua. Mpaka tukafika pale.

"Hapa inaonyesha nyinyi ni watu wa Kasai. Anauliza, mnaweza kurudi Kasai?"

"Kasai sijapata kufika," Papa alisema. "Mtu anarudi alikotoka."

"Na Likasi?"

Mama alimbana paja. Niliona. Hata dada aliona. Papa alikaa kimya kwa ule ukimya wake, chumba kikajaa, mashine ya baridi ikasikika peke yake. Nilidhani atasema anatetemeka. Nilikuwa nimejitayarisha kutetemeka naye.

"Likasi ni kwetu," alisema. "Wakifungua njia leo, kesho asubuhi mimi niko pale nafagia kiwanja."

Mkalimani hakutafsiri. Aliinama akanong'ona, "Papa, nitafsiri hivyohivyo?"

"Hivyohivyo."

"Papa Mado," Mama alisema, taratibu, kama mtu anayemwita mtoto aliye ukingoni mwa dirisha.

"Tafsiri," Papa alisema.

Jibu lilipokuja halikuwa na maneno mengi. Hatukuchaguliwa. Mama alinyamaza miaka mia moja, au labda ilikuwa mpaka Krismasi. Chakula kilipikwa, nguo zilifuliwa, lakini Papa alizungumzishwa kupitia kwangu: mwambie papa yako chumvi iko pale. Mimi nilikuwa na maelezo yangu, na nilimweleza kila aliyesimama. Fulana ndizo zilizofanya. Zilikuwa zimeandikwa hatuendi popote, tukazivaa, hatukwenda popote. Tungevaa zile za Nguruwe leo hii ningekuwa malkia.

Mama Zuhura alijaribu kusaidia. Alikuja na kikapu, akasema hizo za njano zilizobaki zina kisirani, bora aziuze zote Jumamosi ziondoke machoni.

"Zilizobaki uza," Mama akamwambia. "Hizi nne hapana. Tulishazivaa kwenye jambo. Ni sare."

"Jambo lenyewe si liliharibika, shoga?"

"Hata matanga ni jambo lililoharibika." Akazikunja, akazilaza sandukuni juu ya kitenge cha bibi, cha buluu na ndege weupe. Usiku ule alimwambia Papa mwenyewe, kwa mdomo wake, kwamba chumvi iko pale.

Nilimaliza shule uzeeni kidogo, madarasa ya jioni, baada ya kazi, mimi na walinzi na wapishi na mama mmoja mwenye wajukuu. Nilifaulu vizuri mno, mtihani nusura uniombe radhi. Siku moja tulikuwa kwenye maktaba, mbele ya kompyuta, tunafundishwa kutafuta vitu, mwalimu akasema tafuteni chochote. Wenzangu walitafuta wachezaji mpira. Mimi vidole vyangu viliandika Harmon Fork kabla sijaviambia.

Ulikuwepo. Mji mdogo wa bondeni, milimani kule Amerika, watu wake wachimba makaa ya mawe na wakulima, wengi wao wajukuu wa waliokuja kutoka mbali kutafuta kazi ya mgodi. Serikali ilitaka kujenga bwawa. Wakazi walikataa, wakaandamana, wakashonesha fulana. Bwawa likajengwa. Wakahamishwa, nyumba kwa nyumba, hata makaburi, na maji yakapanda mpaka juu ya mnara wa kanisa. Nilikaa mbele ya kompyuta ile, mtu mzima mwenye watoto, nimechanganyikiwa upya kabisa. Nilikuwa nimekosea kila kitu, na nilikuwa nimepatia.

Niliipiga chapa picha moja nikampelekea Papa. Alikuwa ameacha kulinda magari, anakaa dirishani ghorofa ileile ya saba, miwani kwenye kamba. Nilimsomea yote.

"Iko chini ya maji?" aliuliza mwisho.

"Yote, Papa. Na kanisa."

"Na watu?"

"Walitawanyika. Lakini kila mwaka wanakutana juu ya kilima, kando ya ziwa, na watoto na wajukuu. Wanakula, wanaimba. Hata waliozaliwa kwingine wanasema wao ni wa Harmon Fork."

"Na hakuna anayewacheka?"

"Haijaandikwa."

Alichukua karatasi, akaisogeza karibu na miwani. Walionekana watu wengi wamesimama kwenye majani, nyuma yao maji. Aliangalia sura moja moja, kwa kidole, kama anayetafuta jirani.

"Wanavaa nini?" aliuliza.

Mashine ya maktaba ilikuwa haina wino wa rangi. Picha nzima ilikuwa ya kijivu, nyasi kijivu, ziwa kijivu, mashati kijivu.

"Njano, Papa," nikamwambia. "Wote."